Kishikio cha Honi ya Saada

Kina harufu ya mafuta ya mtambo na moshi wa makaa ya mawe. Ni kipande cha mti tu, mfano wa mpini wa kisu, kimetobolewa tundu juu pa kupitishia kamba, na katikati kimebonyea kwa kushikwa na mikono ya watu ambao wote sasa ni marehemu. Mkaza mwanangu alikikuta ndani ya sanduku langu siku tuliyohamia Buxton, kwenye haya majumba marefu mapya. Akakinusa, akakunja uso. "Mama, na hiki tukitupe?" Nikamnyang'anya. Yeye ni mtu mwema na hana kosa lolote, lakini nilimwangalia kwa jicho bovu, akaenda zake jikoni kimya kimya. Nawasimulia nyinyi basi, kwa kuwa yeye sikumsimulia.

Kilikuwa kishikio cha kamba ya honi. Honi yenyewe ilikuwa ya meli ndogo ya moshi iliyoitwa Saada, iliyobeba mizigo kutoka bandari ya zamani ya Mombasa hadi Lamu na kurudi, na mara mojamoja ikashuka Tanga. Nasema ndogo kwa sababu sasa nimeona meli. Wakati ule, miaka michache baada ya uhuru, nikiwa mtoto wa chuo cha Kurani, niliamini hakuna chombo kikubwa kuliko hicho duniani, na aliyebisha tulipigana naye.

Saada ilikuwa na umri kumshinda Baba. Ilijengwa Uingereza, kando ya mto fulani wenye baridi, ikatumika huko, ikachukuliwa vitani, ikauzwa, ikauzwa tena, hata ikafika kwetu ikiwa mikononi mwa tajiri ambaye nadhani alikuwa wa tatu au wa nne. Kila tajiri aliipa jina lake. Ukisimama gatini na kuangalia vizuri ubavu wake wa mbele, uliona herufi za majina ya zamani zimetutumka chini ya rangi, moja juu ya nyingine, wala hakuna aliyejua kuyasoma. Bomba lake la moshi lilikuwa refu na limeinama kidogo upande wa kulia. Boila ilikuwa na viraka vingi, na Baba alivijua vyote, maana alivitia mwenyewe. Ilikwenda na sukari, unga, saruji na mabati. Ilirudi na boriti, ufuta, samli na mbuzi. Safari za mbuzi Baba hakuzipenda, na Nyanya, mamake, alizichukia zaidi, kwa sababu nguo za Baba zilinuka beberu mpaka Ijumaa ya pili.

Baba alikuwa fundi wa mtambo. Jina lake Athmani, na mtaani kwetu Kibokoni waliomwita Athmani mtupu walikuwa wawili, mkewe na mamake. Wengine wote walimwita Fundi. Alikuwa mtu wa maneno machache. Aliporudi safari alikuwa ameshaoga huko huko melini kwa maji ya moto ya boila, lakini vumbi la makaa lilibaki masikioni, na kumsafisha masikio kwa ncha ya leso ilikuwa kazi yangu. Hakuna mtu mwingine aliyeruhusiwa. Nililichukulia hilo kama cheo.

Sasa niwaeleze habari ya honi, maana bila hiyo hamtaelewa kilichotupata.

Kila meli ilikuwa na sauti yake, na wanawake wa upande ule wa mji walizijua kama unavyojua kikohozi cha mumeo. Honi ya Saada ilikuwa ya shaba, urefu wake kama mkono wa mtoto, imefungwa nyuma ya bomba la moshi. Kwanza ilikohoa, ikatema maji. Kisha ikapanda, ikapanda, na ilipofika juu ikakatika ghafla kwa sababu ilikuwa na ufa. Ilipigwa meli ilipokuwa ikiingia mlango wa bahari, na hapo ndipo wake wa mabaharia walipoweka wali motoni. Si kabla, si baada. Wali wa nazi ulichemka, ukapikwa, ukapaliwa makaa juu ya kifuniko, na ulipokuwa umeiva sawasawa mwanamume alikuwa anavua viatu mlangoni. Tuliuita wali wa honi. Mwanamke aliyechelewa kuuweka alisemwa mtaa mzima, na aliyeuweka kwa honi ya meli nyingine alichekwa hadi akaona haya kwenda kisimani.

Mama hakuchelewa hata mara moja. Aliiita Saada mke mwenzake. "Mke mwenzangu anampeleka Lamu," alisema, "anamrudisha amechoka, mimi kazi yangu ni kulisha." Alisema hivyo akicheka, na ungemsikia ungejua kuwa hakuna wivu pale, isipokuwa kidogo.

Na meli ilipoondoka pia ilipiga honi, kuaga. Ndiyo sababu safari ile ya mwisho ilitushangaza.

Siku moja kabla ya safari hiyo Baba alikuja nyumbani adhuhuri, jambo ambalo si kawaida, akaketi barazani peke yake. Mikono yake ilikuwa na grisi hadi vifundoni, na hakuiosha. Nilikwenda kumsafisha masikio, akakiondoa kichwa chake polepole. Kisha akatoa mfukoni kile kishikio cha mti, akanitilia mkononi, akakifunika kwa viganja vyake viwili.

"Muna, kaa nacho hiki," aliniambia. "Usimpe mtu. Nikirudi nitakuomba."

Mimi nilifurahi tu. Nikakifunga kwa uzi kwenye nondo ya dirisha la ghorofani, nikawa nakivuta na kupiga honi kwa kinywa, pamoja na kukohoa na kukatika, hadi Nyanya akaniambia nitamleta Baba kabla hajaondoka. Kila mtu nyumbani alikiona pale dirishani. Walidhani ni kikuukuu kilichobadilishwa, kama vile Baba alivyoniletea misumari iliyopinda na vipande vya shaba siku nyingine.

Kesho yake Mama alisimama dirishani kungoja kuagwa. Alingoja sana. Tulipotazama tena, moshi wa Saada ulikuwa umeshapita Ngome ya Yesu unaelekea nje, na honi haikulia.

"Leo mke mwenzangu kanuna," Mama alisema.

"Mvuke haba," Nyanya akajibu. "Boila ile ni mbovu. Athmani kila siku asema."

Yakaisha. Mtu ana kazi zake, hawezi kukaa siku nzima akifikiri kwa nini meli haikuaga.

Saada ilifika Lamu salama. Ilishusha mizigo, ikapakia boriti, ikang'oa nanga kurudi. Ilikuwa masika yamekaza. Baada ya hapo hakuna aliyeiona. Siku ambayo ingefaa kufika, mvua ilinyesha Mombasa mpaka vichochoro vikawa mito, na wanawake walikaa na mchele umeoshwa, wakisikiliza. Siku iliyofuata wakaosha mchele mwingine.

Habari zilikuja kidogo kidogo kutoka upande wa Malindi. Boriti nyingi zimetupwa pwani huko Ngomeni. Pamepatikana ubao mpana, kifuniko cha ngama, tumbo la meli la kutilia mizigo, una rangi ya Saada. Watu hakuna, hata mmoja. Wavuvi wa Ngomeni waliulizwa, wakasema kuwa alasiri ile mvua ilikuwa nzito hata mtu haoni mkono wake, nao walikuwa wamejikinga vibandani mwao karibu kabisa na maji. Ngalawa zao zilikuwa tayari. Lau wangesikia chochote wangetoka, maana wamewahi kutoka katika mvua mbaya kuliko ile. Hawakusikia kitu ila mvua.

Wanaume wa mtaa waliposikia habari hizo waliinamisha vichwa. Nyanya aliinua chake.

"Mwaona?" alisema. "Honi ya Saada mimi naisikia hapa nikiwa jikoni, meli ingali nje huko. Hao wako pwani kabisa, na hawakusikia. Basi haikuzama hapo. Mwanangu azame asiite? Ana mvuke, ana honi, azame kimya kama jiwe?"

Na boriti je? Boriti zilitupwa makusudi, akasema, kupunguza uzito, kila baharia ajua hilo. Na kifuniko? Kilichukuliwa na wimbi. Saada imeharibika mtambo, imesukumwa juu kaskazini, huenda iko Kismayu, huenda iko mbali zaidi, na Athmani yuko chini anatia kiraka. Alikuwa na jibu kwa kila kitu, na majibu yake yote yalisimama juu ya ile honi. Hakuna aliyeweza kuyaangusha. Mimi niliyapenda majibu hayo kuliko chakula, nikawa namwomba ayarudie kabla sijalala.

Sijui kama mnaelewa balaa iliyomo humo. Mume akifa, mke hukaa eda. Hujitenga, huvua mapambo, watu humjia, hitma husomwa, naye hulia kwa haki yake. Lakini aliyepotea hajafa. Wake wa mabaharia wengine walikwenda kwa sheikh, wakaelezwa kwamba mabaki ya meli ni dalili tosha, wakaingia eda. Bi Rehema, mke wa serahangi, yule msimamizi wa mabaharia, alikaa eda nyumba iliyotukabili, dirisha lake limefungwa. Nyanya alisimama kwetu akasema kwa sauti ya kusikika kichochoro kizima kwamba kuna watu wana haraka ya kuzika. Yeye na Bi Rehema walikuwa marafiki tangu wasichana.

Mama hakuingia eda. Hakuruhusiwa. "Ukikaa eda, Salma, wamzika mwanangu yu hai," Nyanya alimwambia. Na kulia pia kulipigwa marufuku, kwa kuwa kulia ni kukiri. Asubuhi Mama alivaa vikuku vyake, akachana nywele, akasugua sufuria ya wali wa honi ambayo haikuwa imepikiwa, akaigeuza kifudifudi mahali pake. Nikawa namwona akikata vitunguu. Alikata vingi mno, vingi kuliko mchuzi wowote unavyohitaji, mchuzi wetu siku hizo ulikuwa mtamu kama uji, na hakuna aliyethubutu kuuliza.

Sheikh wa msikiti wetu alikuja kuzungumza na Nyanya. Aliketi barazani, Nyanya yuko nyuma ya pazia, na mimi nimekaa katikati nikiona pande zote mbili.

"Mama yangu," sheikh alisema, "binti huyu ana haki yake. Si mke, si mjane. Mumfungulie."

"Sheikh, nakuuliza moja tu. Ni nani aliyesikia honi?"

Sheikh alipangusa miwani yake, akaivaa, akaivua tena.

"Nani aliyesikia?" Nyanya akarudia.

"Hakuna, mama."

"Basi nenda uniletee aliyesikia. Akija, nitamvua Salma vikuku kwa mkono wangu."

Mama alikuwa jikoni. Nilisikia kisu chake kikisimama, kisha kikaendelea.

Miezi ikapita namna hiyo. Mvua zikaisha, upepo wa kusi ukatulia, bahari ikarudi kuwa ya kupendeza bila haya yoyote.

Asubuhi moja, jua likiwa limeshapanda vizuri, nilikuwa sakafuni nachambua mchele. Mama anakata vitunguu. Nyanya anasuka ukili wa mkeka. Nikasikia kikohozi. Kirefu, cha maji maji, kutoka upande wa mlango wa bahari. Kisha ile sauti ikapanda, ikapanda, ikafika juu ya mapaa yote ya Mji wa Kale, ikakatika.

Hakuna aliyesogea. Ikapigwa mara ya pili.

Nyanya alitoa sauti ambayo sijaisikia tena kwa binadamu. "Niliwaambia!" akapiga kelele. "Niliwaambia! Niliwaambia!" Akainuka, yeye ambaye magoti yake yalihitaji mtu wa kumshika, akaipindua ile sufuria mwenyewe, akapima mchele mwenyewe, akamimina tui lililowekwa kwa ajili ya maharagwe. Tangu Mama aolewe Nyanya hakuwahi kupika wali. Nje vigelegele vilikuwa vimeanza, nyumba hadi nyumba. Nikachungulia, nikamwona Bi Rehema amefungua mlango wake. Mwanamke aliye edani alisimama katikati ya kichochoro, jua kali, miguu mitupu, kichwa wazi, akigeuka huku na huku kama aliyesahau nyumba yake iko wapi.

Mama alikwenda kwenye kioo. Alichukua wanja, akaanza kujipaka.

"Muna, kimbia!" Nyanya aliniambia. "Mwambie babako wali u motoni!"

Nilikifungua kile kishikio dirishani, maana alisema akirudi ataniomba, nami sikutaka aniombe mara mbili. Nilikimbia nacho. Najua vichochoro vile hata leo nikifumba macho, lakini siku ile sikumbuki hata kimoja, nakumbuka tu kwamba watu walikuwa wananipisha na wanacheka, na mzee Mhindi muuza vitambaa alisimama mlangoni mwa duka lake na kunipigia makofi.

Gatini ilikuwa inafungwa meli nyeupe.

Ilikuwa mpya, au imepakwa rangi ionekane mpya, ndefu kuliko Saada, bomba lake limesimama wima. Niliitazama mbele na nyuma nikitafuta Saada ilipo. Kisha nikatazama juu. Nyuma ya bomba ilikuwa ile honi ya shaba, na ufa wake, na mvuke mwembamba ukitoka. Kwenye kamba yake wamefunga kipande cha fagio.

Baharia mmoja mnene, mwenye ndevu za hina, alikuwa anazungusha kamba gatini. Akakiona nilichoshika.

"We mtoto, hicho umekitoa wapi? Tulikitafuta kila pembe tulipokuwa tukiifunga honi."

"Ni cha Baba."

"Babako ni nani?"

"Fundi Athmani wa Saada."

Akaiweka kamba chini. Akachutama hata uso wake ukawa sawa na wangu, na akawa hajui aanze vipi, hilo niliona. "Babako ndiye aliyeifungua honi hii," alisema. "Siku moja kabla hawajaondoka. Mimi nilimshikia ngazi, kisha nikaenda na honi Tanga, meli hii ilikokuwa ikitengenezwa hadi leo. Tajiri alitaka meli hii ikaguliwe, na haikaguliwi bila honi. Akasema Saada imebakiza safari hiyo moja, ikirudi yauzwa chuma chakavu, haina haja. Babako alimwambia, niache niimalize safari kwanza, nikirudi nitakufungulia. Hakusikizwa. Akaifungua, akaliziba bomba la mvuke kwa kigingi na kitambaa."

Yote haya niliyasikia, na sikuelewa hata moja. Nikauliza nililotumwa.

"Baba yumo ndani?"

"La, mwanangu. Hayumo."

"Mwambie wali u motoni," nikasema.

Yule mtu alifunika uso wake kwa mikono miwili, na mimi nikaondoka kwa sababu niliona haya kwa niaba yake.

Nyumbani vigelegele vilikuwa vimeshakoma kabla sijafika. Habari mbaya ina miguu kuliko mtoto, lakini ilikuwa haijaingia kwetu. Nyanya alikuwa amechutama jikoni anapuliza makaa juu ya kifuniko. Mama alisimama karibu na mlango, jicho moja lina wanja, jingine bado.

"Yuwaja?" Nyanya akauliza bila kugeuka.

Nikaeleza kama watoto wanavyoeleza, mwanzo hadi mwisho, bila kuacha kitu. Meli ni nyeupe. Honi ni ya Saada. Mtu mwenye hina alishika ngazi. Baba aliifungua siku moja kabla ya kuondoka, akatia kigingi. Nikaonyesha kishikio. Nikasema Baba alinipa nimwekee, na kwamba hajakiomba.

Nyanya aliacha kupuliza. Alikichukua kile kishikio, akakigeuza, akakinusa. Miezi yote ile kilikuwa kinaning'inia dirishani, hatua chache kutoka anapoketi.

"Kwa hivyo walikwenda hawana honi," alisema.

Harufu ya wali ilianza kutoka, harufu nzuri, ya wali uliopikwa na mtu anayejua.

"Basi aliita," Nyanya akasema. "Mwanangu aliita kwa kinywa chake, katika mvua ile, na watu wako pale pwani." Kisha akasema tena kwa sauti ndogo, kama anayejieleza mwenyewe: "Aliita."

Akainuka. Safari hii magoti yalikataa, ikabidi ashike ukuta. "Salma, njoo hapa," alimwambia Mama. Mama akaja. Nyanya alilowesha ncha ya leso kwa ulimi, akamfuta wanja kwenye lile jicho moja, taratibu, kama unavyomfuta mtoto aliyelala. Kisha akamshika mkono, akamvua vikuku. Vilikuwa vinabana, ikambidi avizungushe. Alipomaliza mkono wa pili akaviweka vyote mikononi mwa Mama.

"Sasa lia," alimwambia.

Mama alilia. Sitaeleza kilio kile. Majirani waliingia bila kubisha hodi, na wa kwanza wao alikuwa Bi Rehema, aliyepaswa kuwa ndani kwake, naye Nyanya akajiegemeza kifuani kwake. Wali wa honi haukuungua. Ulipakuliwa ukaliwa na waliokuja matangani kwetu, kwa sababu ndio uliokuwapo.

Hitma ilisomwa. Tajiri alileta gunia la mchele, akakaa safu ya mbele, akainua mikono juu kuliko wote wakati wa dua. Hakuna aliyemuuliza kitu. Wanaume waliokuwapo walitaka kazi katika ile meli nyeupe, na wengine waliipata. Mimi hasira hiyo sijaiacha, wala sina nia ya kuiacha.

Na honi je? Honi iliendelea. Hilo ndilo watu hawalifikiri. Meli nyeupe iliingia na kutoka miaka mingi baadaye, na kila ilipoingia ilikohoa, ikapanda, ikakatika, na wajane wa Saada walikuwa ndani ya nyumba zao, mkono mmoja umeshakwenda kwenye mchele kabla akili haijauzuia. Nyanya alikuwa akifunga dirisha. Mama hakufunga, alisimama tu akingoja imalize.

Utotoni niliichukia ile meli nyeupe, nikadhani imetudanganya. Ilichukua miaka mingi, hadi nilipokuwa na wangu wa kungoja, ndipo nikajua kwamba uongo haukuwa wa meli. Nyanya niliyemdhania mkaidi hakuwa akibishana na kifo. Alikuwa na yakini na mwanawe, kwamba akipatwa na jambo ataita, na yakini hiyo haikukosea. Baba naye nilimdhania ameniletea mchezo. Kumbe fundi asiyeweza kumzuia tajiri alificha kitu kimoja kidogo wasichoweza kuvutia honi bila hicho, ili wakija kukitafuta waje kwake, kwa fundi wa meli iliyoporwa sauti. Ndicho kiasi cha ukaidi alichoweza. Nao wakafunga kipande cha fagio.

Mkaza mwanangu aliniomba radhi jioni ile. Alisema kama ni kitu cha thamani tukitundike ukutani sebuleni, wageni wakione, au nimpe mjukuu wangu wa kike ambaye amekipenda. Nilimwambia hapana. Kitundikwe vipi, au nimpe mtu vipi? Si changu. Mwenyewe alisema akirudi ataniomba.